Hoja ya Ukaguzi Inapomkuta Mstaafu

Shauri la nidhamu huzaliwa na uhusiano wa kazi na hufa nao. Huanza kwa hati ya mashtaka ambayo mamlaka ya nidhamu inampa mtumishi aliye chini yake, na huishia kwenye adhabu inayogusa nafasi aliyonayo: kufukuzwa kazi, kushushwa cheo, kupunguziwa mshahara, kusimamishiwa nyongeza, karipio, onyo. Mstaafu hana cheo cha kushushwa wala mshahara wa kupunguzwa, na kumfukuza mtu aliyekwisha kuondoka ni kupiga muhuri hewani. Ndiyo maana msimamo wa safu hii ni kwamba mamlaka ya nidhamu katika utumishi wa umma wa Tanzania inakoma siku mtumishi anapostaafu, na inastahili kukoma siku hiyo. Kinachobaki ni jinai, fidia na maadili ya viongozi, na kila kimoja kina mlango wake. Ubaya ni kwamba mwajiri aliyechelewa mara nyingi haendi kwenye milango hiyo. Hupita uani, na uani ni mafao.

Msingi wa jambo hili ni Sheria ya Utumishi wa Umma, Sura ya 298, iliyotungwa mwaka 2002. Inamtambua mtumishi wa umma kuwa ni mtu anayeshika au kukaimu ofisi katika utumishi wa umma. Kifungu cha 23 kinaipa mamlaka uwezo wa kumfukuza kazi mtumishi, lakini kwa masharti: awe amepewa mashtaka, awe amepata nafasi ya haki ya kujitetea, na uchunguzi uwe umefanyika kwa mujibu wa Kanuni. Kanuni zenyewe, zile za 2003 na sasa za 2022, zinaeleza jinsi kamati ya uchunguzi inavyofanya kazi na jinsi mtuhumiwa anavyosikilizwa. Asiporidhika hukata rufaa ndani ya siku 45. Tume ya Utumishi wa Umma husikiliza, na juu yake yupo Rais. Marekebisho ya 2016 yaliongeza kifungu cha 32A, kinachomtaka mtumishi amalize ngazi hizo kwanza kabla ya kutafuta nafuu kwenye sheria za kazi. Walimu wana Tume yao, iliyoundwa kwa Sheria Na. 25 ya 2015, ila mantiki haibadiliki. Hatua zote hizo, tangu barua ya kwanza mpaka uamuzi wa mwisho, zimeandikwa kwa ajili ya mtu aliye kazini.

Kustaafu, kwa upande wake, si tukio la ghafla. Umri wa lazima ni miaka 60, wa hiari 55. Maprofesa, wahadhiri waandamizi na madaktari bingwa wameongezewa hadi 65. Tarehe ya mtumishi kuondoka inajulikana tangu siku anapojaza fomu ya ajira, maana inatokana na tarehe yake ya kuzaliwa. Mwajiri anaweza kuihesabu miaka thelathini kabla. Hata anayetaka kuondoka kwa hiari huandika taarifa mapema, miezi sita kabla, na muda huo si wa kuandaa sherehe ya kumuaga peke yake. Kwa hiyo malalamiko ya kawaida ya ofisi nyingi, kwamba fulani “alituponyoka,” yana kasoro tangu mwanzo. Aliyeponyoka kwa tarehe iliyokuwa kwenye jalada lake tangu akiwa kijana hakuponyoka, aliachwa.

Hata hivyo, kuna ugumu wa kweli, nao uko kwenye kalenda ya ukaguzi. Mwaka wa fedha wa Serikali unaisha tarehe 30 Juni. Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali hukagua baada ya hapo na kukabidhi ripoti yake kwa Rais mwishoni mwa Machi ya mwaka unaofuata. Kisha ripoti huenda bungeni, na Kamati ya Bunge ya Hesabu za Serikali za Mitaa huanza kuziita halmashauri moja moja. Chukua mfano wa kubuni wa ofisa wa mapato katika mojawapo ya halmashauri za mkoa wa Tabora, kwenye ukanda wa tumbaku. Ushuru wa mazao ya biashara, ambao tangu 2017 ni asilimia 3, unakusanywa katika msimu wa mauzo. Tuseme kosa limetendeka Septemba 2021. Linaangukia mwaka wa fedha unaofungwa Juni 2022. Ofisa anastaafu Julai 2022, anaagwa, anahamia kwake Kanyenye, mjini Tabora. Ripoti inatoka Machi 2023, na hoja inafika mezani kwa mkurugenzi ikiwa imeandikwa kwa lugha ile ile ya kila mwaka: vitabu vya stakabadhi havikuwasilishwa kwa ukaguzi, makusanyo hayakupelekwa benki. Swali la Kamati ya Bunge linakuja miezi kadhaa baadaye. Ni karibu miaka miwili tangu kosa, na mwenye kulijibu hayumo kwenye orodha ya mishahara.

Hapo ndipo mambo huanza kuharibika, na huharibika kwenye karatasi. Anayestaafu hupeleka kwenye Mfuko wa Hifadhi ya Jamii kwa Watumishi wa Umma, PSSSF, barua ya ajira ya kwanza, barua ya kuthibitishwa kazini, barua za kupandishwa vyeo, barua ya kustaafu na taarifa za mshahara wa mwisho. Karibu kila moja ya karatasi hizo imo mikononi mwa mwajiri. Mwajiri mwenye hoja ya ukaguzi kichwani hahitaji kumshtaki mtu. Anachelewesha barua tu. Jalada “linatafutwa” masjala. Ofisa utumishi “yuko safarini Dodoma.” Barua ya kuthibitishwa kazini ya mwaka 1989 inakosekana ghafla, ingawa ilikuwepo kila mara mtumishi alipopandishwa daraja. Kwa mtazamaji wa nje huo ni uzembe wa kawaida wa ofisi, na mara nyingi kweli ni uzembe. Lakini unapoambatana na maneno ya chini kwa chini kwamba “kuna kitu hakijakaa sawa kwenye ile ripoti,” unakuwa adhabu, tena adhabu isiyo na mashtaka, isiyo na kamati wala siku 45 za rufaa. Hakuna uamuzi wa kukatia rufaa; kuna barua ambayo haijaandikwa tu.

Namna nyingine ni barua ya kufukuzwa kazi iliyopewa tarehe ya nyuma. Mtumishi amefika miaka 60, shauri lake halijakamilika, na uamuzi unatolewa baada ya kustaafu lakini unasomeka kana kwamba ulifikiwa mwezi mmoja kabla. Uamuzi wa namna hiyo hauna miguu. Ukifika kwenye Tume, swali la kwanza litakuwa lini mtuhumiwa alisikilizwa, na tarehe za mihtasari ya kamati ndizo zitakazoumbua barua. Anayeandika barua hiyo huwa anaamini anaokoa fedha za umma. Anachofanya ni kuizalia Serikali deni, kwa sababu uamuzi ukibatilishwa, mstaafu anadai kila kilichozuiwa.

Kulijua hili hakukuhitaji kusubiri sheria za kisasa. Misafara iliyotoka pwani karne ya 19 iliajiri wapagazi kwa safari ya mpaka Unyanyembe. Mzigo ukishashushwa Kazeh, Tabora ya leo, mpagazi wa Kinyamwezi alikuwa amefika kwao, kama walivyofanya wale waliomfikisha msafiri Mwingereza Richard Burton hapo Novemba 1857. Kiongozi wa msafara hakuwa na amri tena juu yake. Kama palikuwa na mzigo uliopungua, huo ulikuwa mgogoro wa mali, si wa utii. Mstaafu naye ameshashusha mzigo. Anaweza kudaiwa, hawezi kuamrishwa.

Hoja inayotolewa dhidi ya msimamo huu ni kwamba pensheni ni hisani ya mwajiri kwa mtumishi mwema, hivyo aliyeharibu hastahili. Fikra hiyo ina historia yake. Sheria za pensheni za enzi ya ukoloni wa Kiingereza ziliandikwa hivyo hasa. Mfano ulio hai ni Sheria ya Pensheni ya Kenya, Sura ya 189: kifungu chake cha 5 kinasema hakuna ofisa mwenye haki kamili ya pensheni, na kinampa Waziri uwezo wa kuipunguza au kuizuia yote akiridhika kwamba ofisa alikuwa na uzembe, ukiukaji wa taratibu au utovu wa nidhamu. Katika mfumo ule jambo hilo lilikuwa na mantiki yake, kwa maana ofisa wa kudumu hakuchangia senti. Pensheni ilitoka Hazina moja kwa moja.

Tanzania iliondoka kwenye mfumo huo. Sheria ya Mafao ya Kustaafu katika Utumishi wa Umma ya 1999 ilileta uchangiaji, na Sheria ya 2018 ikaunganisha mifuko ya PSPF, LAPF, PPF na GEPF kuwa PSSSF, iliyoanza kazi Agosti mwaka huo. Mtumishi anachangia asilimia 5 ya mshahara na mwajiri asilimia 15, kila mwezi, kwa miaka isiyopungua 15 ili kustahili pensheni. Mjadala mkali wa kikokotoo cha mafao, kilichosimamishwa Desemba 2018, kikarudi Julai 2022 kwa malipo ya mkupuo ya asilimia 33, na kurekebishwa tena kwenye bajeti ya 2024 kufikia asilimia 40 kwa watumishi wa umma, ulionyesha wazi jinsi watumishi wenyewe wanavyoyaona mafao: ni mali yao iliyowekwa mahali. Na Katiba, katika ibara ya 24, inalinda mali ya mtu, huku ibara ya 13(6) ikidai asikilizwe kikamilifu kabla haki zake hazijaamuliwa. Fikra ya hisani imebaki kwenye vichwa vya baadhi ya maofisa utumishi. Kwenye sheria imeshapoteza nguvu.

Ushahidi mzuri zaidi wa mabadiliko hayo ulitoka mahali ambapo hakuna aliyekuwa akiwahurumia watuhumiwa. Tarehe 28 Aprili 2017, Chuo Kikuu cha Dodoma, Rais John Magufuli alikabidhiwa ripoti ya uhakiki wa vyeti iliyotaja watumishi 9,932 wenye vyeti vya kughushi. Waliondolewa kazini, na kwa muda mrefu jibu lilikuwa kwamba hawana wanachodai. Mwaka 2022 Serikali iliamua kuwarejeshea michango yao, ile sehemu waliyokatwa wao wenyewe kwenye mishahara. Watu hao waliingia kazini kwa udanganyifu. Kama hata kwao asilimia 5 yao ilihesabiwa kuwa yao, ni vigumu kueleza kwa nini muuguzi aliyestaafu akiwa na masurufu ya safari ambayo hayajarejeshwa azuiliwe mafao yote.

Masurufu yanastahili kutajwa kwa sababu ndiyo shauri la kawaida kuliko wizi mkubwa unaoandikwa magazetini. Mtumishi anachukua fedha za safari au semina, anarudi, harejeshi stakabadhi, miaka inapita. Ni deni linalojulikana kwa kiasi na tarehe, na njia yake ni makato ya mshahara wakati mshahara bado upo. Mwajiri aliyekaa nalo mpaka siku ya kuagana hana wa kumlaumu.

Upotofu wa pili unakaa upande wa pili kabisa, na wanaoushikilia ni watumishi: kwamba barua ya kustaafu inafuta kila kitu. Haifuti. Makosa ya jinai hayazeeki kwa mwenye kosa kustaafu. Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya 2007 inalitaja jambo hilo waziwazi katika kifungu cha 27 kuhusu mali isiyolingana na kipato: inamhusu mtu aliye, au aliyewahi kuwa, mtumishi wa umma. Kifungu cha 31, cha matumizi mabaya ya madaraka, kinaangalia mtu alikuwa nani alipotenda. Alipo leo si hoja. Basil Mramba na Daniel Yona, waliokuwa mawaziri, walifikishwa Mahakama ya Kisutu mwishoni mwa 2008 pamoja na Gray Mgonja, aliyekuwa Katibu Mkuu wa Hazina, kuhusu misamaha ya kodi kwa kampuni ya ukaguzi wa dhahabu. Hukumu ilitoka Julai 2015: mawaziri hao wawili walipatikana na hatia na kufungwa, Mgonja akaachiwa huru. Februari 2016 Mramba na Yona walionekana wakifanya usafi Hospitali ya Sinza, wakitumikia sehemu iliyobaki ya adhabu kwa huduma ya jamii. Hakuna mamlaka ya nidhamu iliyohitajika kufanya lolote kati ya hayo.

Kesi hiyo hiyo inaonyesha pia gharama ya njia ya jinai. Karibu miaka saba ilipita kabla Mgonja hajajua kwamba hana hatia. Profesa Costa Mahalu, aliyekuwa balozi nchini Italia, alishtakiwa 2007 kuhusu ununuzi wa jengo la ubalozi Rome na akaachiwa Agosti 2012, baada ya Rais mstaafu Benjamin Mkapa kufika mahakamani kuwa shahidi wa utetezi. Jinai inadai uthibitisho usioacha shaka, na mashahidi wa jambo lililotendeka zamani mara nyingi nao ni wastaafu, wenye kumbukumbu zinazofifia. Si njia ya kuikimbilia kwa kila kitabu cha stakabadhi kilichopotea.

Hapa kuna hali moja ngumu kuliko zote, nayo haizungumzwi inavyostahili: mtumishi aliyesimamishwa kazi ambaye anatimiza miaka 60 kabla shauri halijaisha. Aliyesimamishwa kwa mashtaka hulipwa sehemu ya mshahara, ambayo si chini ya nusu. Kama kuna kesi ya jinai juu ya jambo lile lile, shauri la nidhamu husubiri mahakama. Mahakama nayo huahirisha: upelelezi haujakamilika, shahidi hajafika, hakimu amehamishwa. Mtu aliyesimamishwa akiwa na miaka 56 anafika 60 akiwa bado “mtuhumiwa.” Waajiri wengine humwacha akining’inia, si mtumishi wala si mstaafu, kwa hoja kwamba hawezi kustaafu mtu mwenye shauri. Hoja hiyo haina pa kusimama. Umri wa lazima ni wa lazima kwa pande zote mbili. Mwajiri hana uwezo wa kuurefusha utumishi wa mtu ili apate muda wa kumfukuza. Siku ya kutimiza 60 mtu huyo anastaafu kama wenzake. Na kwa kuwa hakuna uamuzi wa kumtia hatiani, ile nusu ya mshahara iliyozuiliwa ni deni lake. Mahakama ikimtia hatiani baadaye, adhabu na amri ya fidia zitatoka mahakamani. Ikimwachia, kanuni ya kale ya utumishi inasema hawezi kuadhibiwa tena kwa shtaka lile lile aliloachiwa, ingawa makosa mengine yaliyojitokeza kwenye mwenendo wake yangeweza kushughulikiwa kama angekuwa kazini bado.

Kuna pia mkanganyiko kuhusu kustaafishwa kwa manufaa ya umma. Kifungu cha 24 cha Sheria ya 2002 kinampa Rais uwezo wa kumwondoa mtumishi katika utumishi kwa manufaa ya umma. Mitaani hilo huhesabiwa kuwa adhabu, na huenda likawa na uchungu wa adhabu, lakini halitokani na shauri la nidhamu wala halimpi mwajiri wa chini ruhusa ya kushughulikia mafao ya aliyeondolewa kana kwamba amefukuzwa.

Njia ya maadili ni nyembamba zaidi, maana inawahusu viongozi tu. Sheria ya Maadili ya Viongozi wa Umma ya 1995 inamtaka kiongozi kutoa tamko la mali na madeni anapoingia, kila mwaka, na anapomaliza muda wake. Tamko hilo la mwisho ndilo lenye thamani kwa mada hii, kwa sababu linapiga picha mali ya mtu siku anapotoka mlangoni. Likisomwa pamoja na kifungu cha 27 cha Sheria ya Rushwa, linaweza kufanya kazi ambayo shauri la nidhamu haliwezi.

Nchi nyingine zimechagua tofauti, na kuna la kujifunza hata pale pasipofaa kuigwa. India, kwa Kanuni ya 9 ya Kanuni za Pensheni za 1972 na zile zilizozirithi za 2021, inaruhusu shauri lililoanza kazini kuendelea baada ya kustaafu, na hata kuanzisha jipya, lakini kwa idhini ya Rais na kwa matukio yasiyozidi miaka minne nyuma. Ujerumani, ambayo maofisa wake walikaa katika boma la Tabora mpaka Vita Kuu ya Kwanza, inamhesabu ofisa mstaafu kuwa bado ana uhusiano na dola. Sheria yake ya nidhamu ya shirikisho ina adhabu mbili mahsusi kwake, kupunguziwa pensheni kwa kiasi kisichozidi moja ya tano kwa muda usiozidi miaka mitatu, au kunyang’anywa kabisa. Lakini Mjerumani huyo hachangii mfuko. Pensheni yake hutoka kwa dola, kama ya mtumishi wa Tanganyika ya zamani. Kuiga adhabu bila kuiga mfumo wa malipo ni kuchukua mali ya mtu kwa jina la nidhamu. Kielelezo kinachofaa zaidi kiko jirani. Katiba ya Kenya ya 2010, ibara ya 226(5), inasema mwenye ofisi ya umma aliyeelekeza au kuidhinisha matumizi ya fedha kinyume cha sheria atawajibika kwa hasara na kuilipa, awe bado anashika ofisi hiyo au la. Ni sentensi moja, haimgusi mtu cheo wala pensheni, inafuata fedha.

Hilo ndilo Tanzania inalohitaji kuandika waziwazi zaidi katika sheria zake za fedha na utumishi: dai la fidia linalomfuata mtu nyumbani, lenye kikomo cha muda, linaloamuliwa na chombo kisichokuwa mwajiri wake wa zamani. Tume ya Utumishi wa Umma ina uzoefu wa kupima ushahidi wa nyaraka na ingeifaa kazi hiyo, huku Mahakama Kuu, ambayo Tabora ina kanda yake, ikibaki mlango wa mwisho. Miaka minne tangu siku ya kustaafu ingetosha. Inapitia ripoti kadhaa za ukaguzi na haimwachi mzee wa miaka 75 akiulizwa vocha za ujana wake. Shauri lililokuwa limeanza kwa hati ya mashtaka lakini halikuisha ligeuzwe dai la fidia kama kuna hasara inayohesabika, na lifungwe kama haipo. Mchango wa mtumishi mwenyewe usiguswe kwa namna yoyote.

Lakini sehemu kubwa ya tiba haihitaji Bunge. Kila mwajiri anaijua orodha ya wanaotimiza miaka 59. Wale walioshika fedha, ghala, manunuzi au ardhi wafanyiwe ukaguzi wa ndani mwaka huo huo, si wa kuwatafutia makosa bali wa kufunga vitabu: masurufu yote, vitabu vyote vya stakabadhi, funguo, magari, nywila za mifumo ya malipo. Mkaguzi wa ndani yupo katika kila halmashauri, na kazi hii ni nyepesi kuliko kujibu hoja miaka miwili baadaye. Mashauri ya nidhamu ya watu waliobakiza miezi 18 yapewe kipaumbele kwenye kamati. Shauri la kijana wa miaka 30 linaweza kusubiri mwezi mmoja bila madhara, la mtu wa miaka 59 haliwezi. Makabidhiano ya ofisi yaandikwe na kutiwa saini na watatu, anayeondoka, anayepokea na msimamizi, na nakala aondoke nayo mstaafu. Karatasi hiyo humlinda yeye kuliko inavyomlinda mwajiri, maana hoja inapozuka ni rahisi sana kumtwisha aliyekwisha kuondoka makosa ya aliyebaki. Wakaguzi wenye uzoefu wanalijua jina linalotajwa kwanza katika kila kikao cha kujibu hoja: la yule asiyekuwepo.

Na mstaafu anapopokea barua ya kumtaka ajieleze, asiipuuze kwa kuwa hana kazi, wala asiijibu kama mtumishi anayeogopa kufukuzwa. Ajibu kwa maandishi, akitaja tarehe yake ya kustaafu, akiambatanisha makabidhiano, na akiuliza barua imeandikwa chini ya kifungu gani. Kama ni hoja ya ukaguzi, maelezo yake yana thamani na anapaswa kuyatoa. Kama ni mashtaka ya nidhamu, jibu ni tarehe. Kama ni kimya kinachozuia mafao, malalamiko yaende kwa Katibu Tawala wa Mkoa na Ofisi ya Rais, Utumishi, huku nakala ikienda PSSSF ili ionekane nani anashikilia karatasi.

Linabaki suala la kumbukumbu, ambalo Tabora haina udhuru nalo. Chuo cha Uhazili cha mji huu, sasa tawi la Chuo cha Utumishi wa Umma, kimetoa makatibu mahsusi na watunza kumbukumbu kwa vizazi. Jalada la mtumishi likitunzwa kama chuo hicho kinavyofundisha, folio zikiwa na namba na kila karatasi mahali pake, halitapotea miezi miwili kabla ya kustaafu na kuonekana tena baada ya mzee kulalamika. Waajiri wanaweza kuanza kwa kumpa kila mtumishi, anapofikisha miaka 55, nakala kamili ya barua zake tano au sita ambazo mfuko utazidai, akatia saini ya kuzipokea na kwenda kuzihifadhi nyumbani kwake.